Nyuso Zilizokuja Zenyewe

Jumatano, katikati ya Rajabu. Rasharasha tangu asubuhi, na makuti yanavuja pale pale pa siku zote. Sina hamu ya kula wala ya kuzungumza na mtu. Naandika kwa sababu marehemu baba alinifundisha herufi, na karatasi haijibu.

Nina hasira na Bi Rehani. Nianzie hapo.

Sisi watu wa jamvi tunalala mchana. Bagamoyo nzima inajua. Baada ya adhuhuri tunajilaza vichwa pamoja kwenye jamvi moja, wenye shida zao wanajilaza pembeni mwetu, na sote tunaota ndoto moja, ile tunayoitengeneza sisi. Bi Rehani, mkubwa wetu, hutandika mahali. Wengine huleta sauti na harufu. Mimi naleta nyuso.

Kazi ya nyuso ina jambo ambalo nje ya chama chetu halisemwi. Mtu aliye hai lazima umjenge: pua, mwendo, namna anavyocheka, na ukizembea kidogo anakuyeyukia. Aliyekufa hajengwi. Anakuja mwenyewe, mzima, kabla hujamwita.

Sasa kuna tajiri mmoja hapa mjini ambaye msafara wake wa pembe umechelewa kurudi kutoka bara. Wake wa wapagazi wamekuwa wakimjazia baraza kila kukicha, wanalia, wanamuuliza waume zao wako wapi. Amewachoka. Akamwendea Bi Rehani, akamwomba awatulize. Awatulize! Kana kwamba ni kuku wanaomchafulia ua.

Leo wakaja. Mkwe wangu Zena alikuwa miongoni mwao, kwa kuwa mwanangu Shomari naye ni mpagazi katika msafara ule. Nilimwonya mapema kwamba hatamwona mumewe, maana sheria ya jamvi ni kwamba hatuleti watu wetu wenyewe. Akasema hata akiwaona wenzake tu, moyo utatulia kidogo.

Bi Rehani akatandika Msata. Ujanja wake huo. Akitandika mbali, wanawake wataendelea kulia. Akitandika Msata, watasema waume zao karibu wanafika. Mizigo chini, moto unawaka, chungu kimeinjikwa. Nami nikaanza nyuso.

Zilikuja kwa wepesi wa ajabu. Mume wa Mwanaidi, jirani yangu, alikaa pale kabla sijazifikiria ndevu zake. Akaja wa pili, wa tatu, wakaja wote, kila mmoja na kovu lake na kicheko chake. Nikajivuna. Mungu anisamehe, nilijivuna. Nikasema moyoni, Tatu, sasa umeiva katika kazi hii.

Kisha nikamwona Shomari.

Sikumwita. Alisimama nyuma ya wenzake, amevaa ile kanzu ambayo mkono wake niliuunga vibaya, akapita katikati yao mpaka mbele yangu.

"Shikamoo, mama."

Sisi tunaotengeneza ndoto haturuhusiwi kusema ndani yake. Ukifungua mdomo, wote wanaamka na kazi imeharibika. Sikuitika. Mwanangu ameniamkia, nami nimenyamaza ili ndoto ya tajiri isivunjike.

Ndipo nikaelewa ule wepesi ulitoka wapi. Hakuna hata mmoja niliyemjenga leo.

Wanawake waliamka wakipiga vigelegele. Walipoondoka nikabaki na Bi Rehani, anakunja jamvi.

"Umeona," nikamwambia.

"Nimeona." Uso mkavu kabisa. "Pole, mwanangu. Lakini nyamaza. Habari wataletewa na watu wengine. Sisi tumeombwa kuwatuliza, na wametulia. Ukisema, watatuchomea nyumba."

"Na Zena?"

"Zena amecheka leo. Tangu lini hajacheka?"

Akajitanda ushungi wake, akaniuliza kama Ijumaa nitakuja.

Miaka yote hii nilidhani tunawafaa watu. Kumbe tunawapaka mafuta kwa mgongo wa chupa. Nami nilikuwa fundi hodari wa kazi hiyo.

Nilifikiria kwenda kwa kadhi. Nimwambie nini? Hatapokea ushahidi wa usingizi, na atakuwa na haki. Bila shahidi hakuna tanga la kuwekwa wala eda ya kukaliwa. Zena atakuwa si mke wala si mjane, na tajiri ataendelea kunywa kahawa yake barazani, sasa pametulia.

Nilipofika nyumbani nilimkuta Zena amefagia mpaka uani. Amekwisha kuponda hina.

"Mama, njoo unipake miguu," akaniambia. Kisha akanishika mkono, akaubusu. "Najua umevunja sheria kwa ajili yangu. Sitamwambia mtu. Na ile kanzu, mama! Hata ule mkono hukuusahau!"

Nikakaa chini, nikampaka. Mjane hapaki hina, na mimi mama wa marehemu nimempaka mjane wa mwanangu, taratibu, kidole kwa kidole, nikahakikisha mistari imenyooka. Sikutoa hata chozi. Najichukia kwa hilo kuliko kwa mengine yote.

Sasa amejilaza chumba cha pili, miguu ameifunga matambara ili hina ishike, anaimba kwa sauti ya chini.

Kesho asubuhi nitamwambia. Nikitoka kwake nitakwenda kwa Mwanaidi, kisha nyumba kwa nyumba, na jamvi likichomwa na lichomwe. Ningeweza kumwambia sasa hivi, ni ukuta tu uliotutenga. Nimeamua usiku huu mmoja alale akiwa mke wa mtu.

Najiambia ni huruma. Au ni kazi ile ile ya Bi Rehani, naendelea kuifanya nyumbani kwangu?