Vibao Saba vya Oswaldi

Malangali, Sumbawanga
13 Julai 2025

Kwa dada yangu mpendwa Kristiana,

Shikamoo dada. Natumaini barua hii itakukuta mzima, wewe na shemeji Ndalahwa na Sharon, na kwamba kile kifua chako kimepata nafuu kwa joto la huko Morogoro. Sisi huku tunapumua, ila baridi ya mwaka huu haina adabu. Upepo unaanza kabla ya jua na hauna habari ya kupumzika. Ulezi wa nyumbani Mollo tumeshauvuna, si mwingi, lakini wa kula upo. Shangazi Cornelia anakusalimu sana. Mgongo unamsumbua ila mdomo uko salama kabisa, bado anatugombeza sote.

Najua utashangaa kupata barua ya mkono kutoka kwa mtu anayekula kwa kutengeneza simu. Nimeandika kwa sababu kwenye simu una kawaida ya kunikatiza, na mimi nikikatizwa huwa nasema kile ambacho mtu anataka kukisikia. Hilo utalielewa ukifika mbele. Nakuomba uketi, na uisome mpaka mwisho hata ukikasirika njiani.

Umeniuliza mara tatu kwa nini mashine ya ndugu yetu marehemu Oswaldi haijakufikia. Mara ya kwanza nilikujibu kwamba chaja yake imekufa. Mara ya pili nikasingizia watu wa mizigo. Mara ya tatu sikupokea simu. Unataka kuyasoma kwa macho yako maneno aliyokuachia, na ni haki yako. Tena fundi Meshack, anayetujengea kaburi, amekuja kibandani kwangu mara mbili kuuliza kama ndilo hilo hilo neno uliloagiza aliandike kwenye saruji, "Nimekusamehe", chini ya jina la marehemu. Nimemwambia asubiri. Hawezi kusubiri milele, naye ana kazi za watu wengine.

Hujawahi kuiona hiyo mashine, kwa hiyo nikueleze. Ni kompyuta nzima ya kuchezea gemu, iliyobanwa ikawa kubwa kuliko simu na ndogo kuliko sinia, na ina vifimbo viwili vya kuendeshea, kushoto na kulia. Oswaldi aliinunua Tunduma kwa mtu aliyeitumia, enzi anaendesha malori ya mahindi. Figo zilipomkatalia, akarudi Mollo akakaa barazani, jembe haliwezi, usukani hauwezi. Basi akalima humo. Kuna gemu moja ya kujenga na kulima, mtu anaweka udongo, anapanda, anajenga ukuta tofali kwa tofali. Kwa miaka minne Oswaldi aliijenga Mollo yetu yote. Nyumba ya baba ilivyokuwa kabla upepo haujaiezua, matuta ya kufukia nyasi moja baada ya jingine, jiko la nje, na jiwe la kusagia la mama nyuma ya jiko. Ng'ombe tu ndio alidanganya. Wale watatu wa baba aliwafanya kumi na mmoja, na nilipomtania akasema huko hakuna ugonjwa wa ndigana, wanazaana.

Sitaki kutonesha kidonda dada, lakini bila hili barua haina maana. Ulimchukua akasome kwako, simu ya shemeji ikapotea, ukamwita mwizi mbele ya majirani na kumpandisha basi usiku huo huo. Miezi mitatu baadaye simu ikaonekana ndani ya mfuko wa unga wa ulezi, ule tuliokutumia sisi wenyewe kutoka nyumbani. Ulitupa habari, ukaomba radhi kupitia kwangu, kupitia shangazi, kupitia padri. Oswaldi alisikia yote na hakujibu. Miaka kumi na moja hakupokea simu yako hata mara moja. Ndiyo maana mwezi wa pili mwaka huu, aliponiita kando ya kitanda, nilidhani sikusikia vizuri.

Aliniambia, "Nimemwekea dada vibao saba, kuanzia langoni mpaka kwenye jiwe la mama. Apite mwenyewe avisome kwa mpangilio. Wewe usivisome."

Katika gemu ile mtu anaweza kusimika kibao na kukiandika maneno. Nilikupigia siku ile ile nikakwambia, ukalia mpaka shemeji akachukua simu kuniuliza kuna nini. Ulisema utakuja Pasaka. Oswaldi hakuifikia Pasaka, na wewe mafuriko yalikata barabara ukashindwa hata mazishi. Kwa hilo hakuna anayekulaumu.

Sasa nije kwenye balaa lenyewe. Ile gemu haifunguki yenyewe. Kuna programu nyingine inayokaa mbele yake, kazi yake ni kuuza gemu na kuzifungua, nami nimeipa jina la bawabu. Ukiwasha tu mashine, bawabu huyo anajitokeza kabla hujamwita. Anadai intaneti, anataka kujisasisha, anakula bando, feni inanguruma na betri inakwisha kabla chai haijapoa. Oswaldi alimtukana kila siku. Na kila akitokea anaandika kwa herufi kubwa za Kiingereza maneno ya kumkaribisha tena Oswaldi, halafu anaita jina lake kwa sauti, sauti ya mwanamke wa kizungu anayelitamka vibaya.

Tulipokaribia kuanua matanga, wazee walipanga mashine ije kwako. Nawe unajua utaratibu wetu, kitu cha marehemu hakikabidhiwi kikiwa na uchafu wa marehemu. Nguo zake zilifuliwa, jembe likasuguliwa udongo, redio ikafutwa. Mashine nikapewa mimi, kwa kuwa ndiye fundi wa ukoo. Niliiwasha mbele ya shangazi ili kuhakikisha ni nzima, na bawabu akaita, "Oswaldi." Shangazi aliangusha ungo. Akasema hawezi kukabidhi mtu kitu ambacho bado kinamwita aliyelala, niende nikakisafishe mpaka kinyamaze, kesho yake kila kitu kiwe tayari.

Nilikwenda nacho kibandani adhuhuri. Nikaingia kwenye orodha ya programu, nikamwondoa bawabu. Nikawasha upya, karudi. Nikamwondoa tena, karudi tena, na jina akaita. Dada, mimi nina hasira za kazi, nawe unazijua. Wateja wawili walikuwa wamekaa kwenye benchi wananitazama fundi mzima ninavyoshindwa. Sisi mafundi wa mji huu tuna desturi moja, tukifuta tunafuta vyote, kwa sababu programu mbaya ni kama ndago, ukiacha kipande inaota upya. Ile mara ya tatu nikachagua njia ya kung'oa kabisa. Kikatokea kidirisha chenye mistari minne, kila mstari na alama yake ya vema. Nikabonyeza ndiyo. Halafu nikaingia kwenye faili nikafuta folda yake kwa mkono, nikamwaga na pipa la takataka.

Nikawasha. Kimya. Hakuna bawabu, hakuna jina, hata feni ilitulia. Wale wateja wakanipongeza, nami nikapokea pongezi. Kisha nikaigusa picha ya gemu ili nione Mollo inavyofunguka bila kelele, na mashine ikasema kitu hicho hakipo.

Nilidhani namfukuza bawabu, nyumba ibaki. Kumbe nyumba ilikuwa imejengwa chumbani kwa bawabu. Gemu, shamba, ng'ombe kumi na mmoja, vibao saba, vyote vilikuwa ndani ya ile folda. Na kwa kuwa Oswaldi alikuwa bahili wa bando, hakuwahi kuruhusu nakala hata moja ihifadhiwe mtandaoni.

Ungekuwa hapa ungeniuliza kama Kiingereza kilinishinda. Hapana. Mstari wa tatu wa kile kidirisha ulisema futa pia kila kilichohifadhiwa na mchezaji. Niliusoma, dada. Niliusoma nikaelewa, na kidole kikaenda kilipozoea kwenda.

Nimejaribu yote ninayoyajua. Nilipoishiwa nikateremka mpaka Muze, kwa Mayunga, ambaye kwao ni wafugaji lakini yeye alijifunza kompyuta Mwanza na hana mfano huku kwetu. Alikaa na ile mashine siku mbili. Akapata vipande vya picha za majani, picha moja ya jua, na faili nyingi zenye majina lakini ndani tupu. Aliniita nikae karibu yake kwanza, ndipo akasema, "Ndugu yangu, diski za zamani zilikuwa kama shamba la viazi, ukifukua hukosi kimoja kilichosahaulika. Hii ya sasa ukifuta inajifagia yenyewe. Usimsumbue mtu mwingine." Nikapanda tena mlima wa Lyamba lya Mfipa na mashine kifuani, nikawa namshukuru Mungu kwamba ile barabara ina kona nyingi na hakuna anayemwangalia mwenzake usoni.

Mpaka hapa ungeweza kuniita fundi mbovu tu, na mimi ningekubali. Lakini lipo jingine, na ndilo lililonikalisha mezani kuandika.

Siku ya kuanua matanga ulipiga simu wakati vitu vinagawiwa. Nilitoka nikasimama nyuma ya jiko, pale pale kwenye jiwe la mama, mashine ikiwa ndani ya koti langu, tupu tangu jana yake. Hukunisalimu. Uliniuliza kitu kimoja, kibao cha saba kinasemaje. Nikaanza kutafuta maneno, ukanikatiza ukilia na kusema ni vibaya basi, ni vibaya. Nami nikakukatiza, mara moja hii katika maisha yangu, nikakwambia kimeandikwa neno moja tu, "Nimekusamehe."

Dada, neno lile ni langu. Sikulisoma popote. Kibao cha saba sikukiona kamwe.

Umeniandikia ujumbe kwamba tangu siku ile unalala bila vidonge. Nimeusoma mara nyingi kuliko ninavyosali. Kama ungebaki nalo moyoni huenda ningenyamaza mpaka kufa, maana mimi ni mwoga kuliko unavyodhani. Lakini umeagiza liandikwe juu ya kaburi, na saruji ikishakauka atakayekuwa analisema si mimi tena, ni Oswaldi. Alinyamaza miaka kumi na moja kwa sababu alitaka kusema mwenyewe siku akiwa tayari. Nimeshamfutia alichosema. Siwezi tena kumtia mdomoni asichosema.

Kwa hiyo sijui kama alikusamehe. Hakuna ajuaye, wala hatapatikana wa kujua. Huenda alikusamehe. Huenda kibao cha saba kiliuliza tu kama ile simu ilikuwa inaita ndani ya unga na hamkuisikia. Fundi Meshack sasa nimemwambia asawazishe saruji aweke jina na tarehe basi.

Nina vitu viwili tu vya kweli vya kukupa. Kabla hajafariki nilikiuka agizo lake. Nilifungua nikasimama langoni nikasoma vibao viwili, kisha nikaona haya kama mtu anayechungulia bahasha ya mwenzake, nikazima. Laiti siku ile ningekosa adabu kabisa, leo ungekuwa navyo vyote saba. Cha kwanza kiliandikwa: "Dada, vua viatu, mama kapiga sakafu leo." Cha pili kilikuwa pale kwenye mfereji: "Hapa ulinibeba siku ya mvua ya mawe, kanga yako ikapasuka, tukamdanganya baba kuwa ni ng'ombe." Hivyo ni vyake, kama alivyoviandika, sijaongeza wala kupunguza. Baada ya hapo njia ilipinda kuelekea jikoni, na mbele nikaona kibao cha tatu kimesimama, mbali mno kusomeka.

Mashine naituma pamoja na barua hii, kwa kuwa uligawiwa mbele ya ukoo na sina haki ya kuishikilia. Usihangaike kuipeleka kwa mafundi wa huko. Chaja ni nzima, ilikuwa nzima siku zote. Inawaka upesi sasa, feni haipigi kelele, na haimwiti mtu.

Shangazi hajui lolote, nitamwambia nikisikia kwako. Usiposema kitu nitaelewa pia. Ukiamua kukaa kimya miaka kumi na moja, nitaihesabu bila kulalamika, maana jambo hilo tumeshalizoea katika nyumba yetu. Nisalimie shemeji Ndalahwa, umwambie asikuache peke yako jioni utakayoisoma barua hii. Sharon mpe mkono wangu. Mungu akulinde na hicho kifua, na akutafutie usingizi kwa njia nyingine.

Ni mimi mdogo wako, niliyebaki,

Theodory