Buna Ambayo Haikufunguka

Isiolo

Mama mpendwa,

Salaam aleikum. Natumai mguu wa bibi yetu Akko umepata nafuu na mbuzi wameshiba, maana huku mvua ndefu ya ganna imeingia kwa nguvu, hata ukuta wa jikoni umeota ukungu. Mimi mzima. Dada Darmi yuko, na mtoto tumboni yuko hai. Nimeanza na hilo ili usome yaliyobaki bila kushtuka.

Mama, ile buna uliyotuma na pikapu ya Merti sikuifanya ulivyoniagiza.

Uliniambia niume ncha ya kila tunda la kahawa kwa meno, nikimwombea mtoto wa Dada, halafu nizikaange hizo buna kwa samli mpaka zipasuke zote, kwa sababu buna ikifunguka, tumbo nalo litafunguka salama wakati wake ukifika. Siku hiyo wasichana wawili wa darasa letu walikuja tufanye hesabu. Mmoja ana mdomo sana. Nilikuwa nimeuma la kwanza tu, akasema, "Haki Qabale, umekuwa panya?" Mwenzake akacheka mpaka kalamu ikamwanguka. Unanijua, mimi mbele ya watu hata jina langu nalisema chini chini. Nikazimwaga zote kwa samli bila kuziuma, na harufu ilipojaa nyumba haya ikanizidi, nikaepua kabla hazijapasuka.

Dada akaita kutoka chumbani, "Zimefunguka?"

Nikasema, "Zimefunguka."

Akatafuna, akajipaka ile samli tumboni, akaniwekea mkono kichwani akanibariki.

Siku ya nne akatokwa na damu. Shemeji alikuwa safarini na lori, kwa hivyo tulimpeleka hospitali mimi na mama jirani. Nesi akasikiliza mapigo ya mtoto, akasema Dada alale tu, asiinue hata ndoo. Nilimvuta kando nikamuuliza kuhusu buna. Hakucheka. "Msichana, kahawa haimtoi mtu damu. Nenda umpikie dada yako uji."

Namwamini, Mama. Shuleni tumesoma mambo ya mimba kwa Kiingereza, na hakuna buna kwa kitabu. Lakini kwa Kiswahili tunasema mama *amejifungua*, na kila nikisikia hilo neno naona zile buna zimefumba.

Kilichonimaliza ni Dada mwenyewe. Kila akiogopa anajiambia kwa sauti, "Si buna ilifunguka? Qabale aliona." Jana nikashindwa, nikamwambia ukweli. Hakunigombeza. Aliuliza tu, "Hata moja?" Nikasema hata moja. Akageukia ukuta. Tangu hapo ananiambia tu lete maji, funga mlango.

Damu haikutoka kwa sababu yangu, nakubali. Lakini uongo ni wangu.

Msalimie Shangazi wa hoteli ya chai na Mjomba akirudi na ngamia. Akko pia msalimie, lakini usimsomee hapa pa buna. Au msomee. Atajua tu.

Mama, njoo. Beba buna nyingine, uziume wewe, umkaangie Dada mbele ya macho yake. Usinipigie simu. Simu ni ya Dada, na siku hizi anaweka spika, na sitaki asikie nikilia.

Ni mimi binti yako,
Qabale