Kupe wa Majini

Sasa mama, simu ilikatika nikiwa bado nakueleza kwa nini nalia. Shikamoo. Goti lako linaendeleaje? Sisi wazima, na Salimu wangu bado ananiita malkia hata nikiwa nimejifunga kanga kuukuu. Ndiyo maana moyo unaniuma zaidi.

Kule Sandton, mtaa wa matajiri hapa Johannesburg, anakofagia kwenye duka la wanyama wa kufuga, kulikuwa na salamanda mgonjwa. Ni kama mjusi, ila anaishi majini, ngozi laini, na shingoni ana matamvua mekundu ya kupumulia. Bosi alitaka kumtupa. Salimu akaomba amtibu nyumbani, na bosi akasema akipona, Salimu ataacha ufagio ashike kabati la dawa. Mama, alivyoingia naye kwenye ndoo chumbani kwetu hapa Hillbrow, ungedhani kaniletea mtoto!

Kwenye matamvua zilining'inia nyuzi mbili nyeupe.

"Hao ni kupe wa majini," akaniambia. "Usimguse, kesho nakuja na dawa."

Nikataka kumfurahisha. Kupe nawajua, si nimekua nikiwatoa kwa mbuzi wako? Alipokwenda kazini nikanunua mafuta ya taa pale spaza, kiduka cha mtaani, nikapaka kwa pamba, nikavuta. Zile nyuzi zikakatika. Kufika mchana salamanda anaelea, tumbo juu.

Salimu aliporudi alichungulia ndoo, akanusa.

"Mwanaidi, umempaka nini?"

"Mafuta ya taa. Si ulisema kupe?"

Akakaa sakafuni. "Eish, mke wangu. Nilisema kupe ili unielewe."

Kumbe wale si kupe, ni jamaa ya kaa na uduvi. Jike huzamisha kichwa ndani ya nyama kama nanga, na kinachobaki nje ni kiwiliwili na vifuko vya mayai. Na salamanda hupumua hata kwa ngozi. Nilimuua mimi.

Kwa bosi, Salimu alisema kosa ni lake. Mimi hakunikaripia, alinimenyea chungwa kama kila siku. Bado anafagia.

Nisalimie kaka, na somo yangu aliyenifunda. Mwambie alinifundisha yote isipokuwa kuuliza.

Jumatatu nakwenda mwenyewe kumwambia bosi kwamba mkono ulikuwa wangu. Salimu hataki, nitakwenda tu. Bosi akiamini, asiamini, likizo ya Salimu ipo, na kabla mwezi huu haujaisha tutakuja Tanga, umwone kwa macho yako mwanamume aliyebeba kosa langu.

Mwanao,
Mwanaidi