Yule Dada wa Kwenye Riwaya Si Wewe

Lilongwe, Jumapili baada ya ibada

Dada yangu Paskalina,

Shikamoo. Najua utaniitikia huku umegeuzia uso ukutani, lakini salamu haina kosa. Magoti yako yanasemaje na baridi ya Rhotia? Yule ng'ombe wa pembe moja ameshazaa? Sisi huku wazima. Mke wangu anavuna mahindi nyuma ya nyumba, nami nashinda nikisoma kwa miwani iliyofungwa uzi.

Simu zangu hupokei, ndiyo maana nimeshika kalamu. Aliyenieleza kisa ni mumeo.

"Shemeji, huku kumewaka," alisema, nami nikimsikia anabana kicheko. "Katekista amefungua maktaba pale kanisani. Rafu moja nzima kaiandika *Vitabu vya Mzee Wetu M. Tluway*. Dada yako kasoma kimoja siku mbili bila kupika. Sasa kakifukia kwenye gunia la maharage ya ngwara. Anasema, 'Nimembeba Marko mgongoni mpaka akajua kutembea, leo ananiandika mimi mwizi wa shamba la mdogo wangu!'"

Nilicheka, dada. Kisha nikahesabu wiki ambazo sijaisikia sauti yako, kicheko kikaisha.

Nilimwomba shemeji arudi akanisomee majalada. Kimoja kinahusu magonjwa ya mbuzi, kingine historia ya sheria za ndoa. Riwaya ni mbili, moja ya upelelezi na hiyo iliyokuudhi. Cha mwisho ni kijitabu chembamba cha matuta ya kukinga maji. Hicho chembamba tu ndicho changu. Mbuzi mimi hata kumshika naogopa, wewe ni shahidi.

Katekista simlaumu. Ametoka Singida, hajui tunavyopeana majina. Baba yetu alizaliwa mvua ikinyesha, akaitwa Tluway, nasi tukalibeba jina lake. Je, mvua ya Karatu na Mbulu ilimzaa yeye peke yake? Wewe mwenyewe ukisimama mnadani ukaita "Tluway!" watageuka wangapi? Hasira ilikusahaulisha.

Sikutaka uniamini kwa maneno matupu. Niliwaandikia wachapishaji wa riwaya ile, na juzi mwandishi mwenyewe akanipigia. M. yake ni Monika, mwalimu, mzaliwa wa Mbulu. Nilipomsimulia habari zako alicheka mpaka simu ikakatika. Alipopiga tena akasema, "Babu, mwambie bibi atulie. Yule mwizi wa shamba ni mama yangu mdogo. Naye amekisoma chote, kaniambia amemtambua jirani yake!"

Hapo ningeweza kufunga barua nikiwa msafi. Lakini baada ya simu ile nilikisoma upya kijitabu changu, nikakuta nimeandika hivi: "Mkulima mmoja wa Rhotia alipanda matete juu ya tuta, udongo ukatulia." Mkulima mmoja! Nilikuwa nimekuja likizo, nikakucheka kwamba unapoteza ardhi kwa majani. Mvua ilipokuja, shamba la jirani lilishuka bondeni, lako likabaki. Nikapima, nikachora, wakubwa wangu kazini wakanisifu. Jina lako sikuliweka, nikijidanganya kwamba vitabu vya kitaalamu haviandikwi hivyo. Umeninunia kwa kitabu kisicho changu. Kwa hiki kilicho changu hukuwahi kusema neno, na hiki ndicho ninachokuombea msamaha.

Nisalimie shemeji, mwambie sasa acheke kwa sauti. Msalimie mwanao anayeongoza watalii kule kreta, na mkweo mshona nguo, na katekista pia. Vitabu vya akina Tluway wengine asiviondoe, ni vizuri. Abadilishe tu kile kibao cha rafu.

Ndani ya bahasha kuna nakala mpya ya kijitabu. "Mkulima mmoja" nimemkata kwa wino mweusi, juu yake nimeandika Paskalina Tluway. Shemeji anasema sikukuu ya mavuno wanataka kumpongeza mwandishi mbele ya watu. Simama wewe. Wakianza kuuliza habari za matete utawajibu palepale. Mimi ningelazimika kukupigia simu kwanza.

Mdogo wako,
Marko