Aliyemnyoa Deo

Jumanne, 4 Machi

Nimefungua saluni kama kawaida. Nimefagia, nimepaka mashine mafuta, nimewasha redio. Nimekaa kwenye kiti cha wateja nikajizungusha. Hakuna mtu.

Mimi ndiye kinyozi bora kuanzia Kidatu mpaka Mlimba. Hiyo si sifa, ni jiografia. Nimenyoa Tunduma, nimenyoa Lusaka. Lubumbashi nilimnyoa mwanajeshi mwenye bunduki mapajani na mkono haukutetemeka. Leo nimefukuza nzi.

Jioni kaja mwalimu Nestori. Nikamkumbatia karibu nimvunje mbavu. Nimemnyoa vizuri, nimempaka spiriti, nikashika ufagio. Akanizuia. Akatoa bahasha ya kaki mfukoni, akachutama, mwalimu mzima na suruali yake ya pasi, akaokota nywele zake mpaka za chini ya kiti.

"Usinielewe vibaya, Osmundi. Ni mama watoto tu, ana mambo yake."

Kila mwanaume wa Ifakara ana mama watoto wa kumsingizia. Nikamwambia asisahau mba, nayo ni mali yake. Akacheka. Nami nikacheka. Alipoondoka nikafunga mlango, nikakaa sakafuni.

Jumatano, 5 Machi

Leo ni Jumatano ya Majivu. Nimekwenda kanisani, mimi ambaye padre hunijua kwa picha ya kipaimara. Nilipokaa, watu wakasogea. Benchi zima langu. Bwana mkubwa.

Niandike wazi, maana hapa hakuna wa kunisoma. Deo ni mdogo wangu, tumbo moja, sisi wawili tu kwa Mama. Mwezi uliopita alikuja saluni, kesho yake alikuwa na ubatizo wa mtoto wa rafiki yake, akataka kipara cha kung'aa. Nikampa. Asubuhi akapitia shamba la mpunga kwanza, kufukuza ndege. Akaanguka majini. Hakuamka.

Hospitali wakasema ni presha, mshipa umepasuka kichwani. Maneno mengi ya kidaktari. Watu walibeba moja tu: kichwani. Na nani alikishika kichwa hicho jana yake? Nani alibaki na nywele?

Nilizifagia. Nilizitupa jalalani na za wengine. Nani ataamini.

Ijumaa, 7 Machi

Mama hali chakula nilichoshika mimi.

Jana nimeleta kambale mnene, nimemkaanga mwenyewe. Mama akasema asante baba. Akafunika. Leo asubuhi nimekuta sahani imefunikwa vilevile, siafu wameandamana. Yeye alikula muhogo mkavu.

Hajaniambia neno baya. Angenitukana ningekuwa na la kujibu, mdomo wangu haujawahi kulala njaa. Lakini ananikwepa. Nikipita mlangoni anasubiri nipite kabisa ndipo atoke. Tangu mazishi hajanigusa hata mkono.

Shemeji Roza, mke wa Deo, amehamia kwao Kisawasawa na watoto. Hakuniaga.

Nimelia. Nimeandika. Basi.

Jumapili, 9 Machi

Kikao cha ukoo, uwanjani kwetu Lumemo. Baba mdogo Fabiani ameshuka kutoka Mahenge na wazee wengine. Nimetoa shikamoo kwa kila mmoja. Marahaba zilitoka kama jino bovu.

Wameamua. Jumapili ijayo ukoo mzima unakwenda kwa mganga wa kunyoa, ng'ambo ya mto. Desturi ya kwetu siku zote: kukiwa na kifo chenye maneno, wote wanakwenda, anayeshuku na anayeshukiwa. Wote wananyolewa, wote wanakunywa dawa. Mwenye uchawi unamtoka, mwingine hapotezi kitu. Hatajwi mtu. Mnarudi vipara, mnakula pamoja, yamekwisha.

Ila Baba mdogo akaongeza: Osmundi atatangulia kukaa kitini.

Nikauliza huyo mganga anatumia mashine ya aina gani, maana mimi kichwa changu hakikubali mashine za mitumba. Hakuna aliyecheka. Zamani walikuwa wanacheka kabla sijamaliza.

"Cheka tu," Baba mdogo akasema. "Usipokwenda, mama yako namchukua mimi nikakae naye Mahenge. Hawezi kulala nyumba moja na kitu kama hicho."

Kitu. Mama alikuwa anatazama vidole vya miguu yake.

Jumatatu, 10 Machi

Nimewaza siku nzima. Nywele ni nywele, zitaota. Nikitangulia, nikanyolewa, Mama anabaki, anakula. Rahisi.

Lakini anayetangulia ndiye aliyeua. Hesabu hiyo hata mimi wa darasa la saba, tena la saba la kusukumwa, naijua. Nikikaa kitini wa kwanza nimesema: nilimmaliza Deo. Watoto wake watakua wakijua hivyo. Roza atajua hivyo. Mama atakula chakula cha muuaji aliyetubu.

Sijaua mtu mimi. Hata kuku huwa naomba jirani anichinjie.

Alhamisi, 13 Machi

Hii sijamwambia mtu yeyote.

Nimemwona Deo. Si mara ya kwanza. Huja mchana kweupe, jua likiwa utosini na barabara imelala. Huwa napangusa kioo, na ndani ya kioo naye yuko pale nyuma, kwenye benchi la wateja. Shati la njano. Miguu mitupu, matope mpaka kwenye magoti. Anakwangua matope kisiginoni kwa kijiti. Nikigeuka, benchi tupu. Nikirudi kwenye kioo, yupo, anakwangua.

Leo nimemwuliza, "Deo, ni mimi?"

Hakujibu. Alikuwa hivyo hata akiwa hai, ukimwuliza la maana anashughulika na mambo yake.

Naogopa. Nikisema ninamwona, nimejihukumu. Mtu mwema anatembelewa kwa nini? Tena wazee husema mchawi mwingine hajui kuwa ni mchawi. Amerithi tu, uchawi unafanya kazi wenyewe akiwa amelala. Nimetazama mikono yangu. Mikono iliyosifiwa Lusaka. Nimeinusa. Spiriti na poda.

Labda ni mimi. Nimeandika. Nimesoma nilichoandika, kimebaki palepale.

Jumamosi, 15 Machi

Mvua tangu alfajiri. Mto Lumemo umejaa, rangi ya chai ya maziwa.

Nimepanga begi. Dunia ni kubwa, nimeizunguka, inanijua. Lusaka bado kuna kiti chenye jina langu. Nimebeba begi mpaka stendi. Nikasimama chini ya bati na wauza ndizi. Gari la Mikumi likapiga honi. Kondakta akaniita, "Twende, bosi, siti ya mbele hiyo!"

Bosi hakwenda. Nikikimbia nimekiri. Nikinyolewa kule nimekiri. Nikikaa bila kunyolewa, Mama anapelekwa Mahenge, na milima ile na kifua chake havielewani.

Nimerudi na begi limelowa. Mama aliniona naingia nalo. Akafumba macho kidogo, sijui ni kwa kushukuru au kwa kuchoka.

Jumapili, 16 Machi

Mvua imekata. Baba mdogo alikuja na gari la kukodi, ndugu wamejaa humo kama magunia. Roza pia alikuwemo, kajifunika kanga mpaka puani. Honi. Osmundi! Muda umefika!

Nilitoka na kigoda, beseni la maji, sabuni na wembe mpya. Nikaweka kigoda katikati ya uwanja, nikakaa. Nikamwita Mama.

Nikamwambia, ninyoe wewe. Kichwa hiki ulikizaa wewe, ulikiogesha wewe. Kama kuna kitu kibaya ndani yake, hakuna mganga atakayekiona kabla yako.

Baba mdogo alishuka kwenye gari kama anapanda ulingoni. "Hiyo si dawa! Unacheza na marehemu wewe!"

Nikasema sijaomba dawa, Baba mdogo. Nimeomba mama yangu.

Nimenyoa mbele ya bunduki mimi, lakini sijawahi kukaa hivyo. Angeingia ndani tu, ningekuwa nimekwisha.

Alikuja. Alisimama nyuma yangu. Kisha nikasikia maji kichwani, halafu vidole vyake. Sikujua kama nilikuwa nimevikosa kiasi kile.

Akaanza kunyoa. Hajui kunyoa, Mama. Anavuta. Nikaamua nitoe yote, nikamwambia polepole ili wale wa garini wasisikie: Mama, ninamwona Deo. Mchana. Kwenye kioo.

Wembe ukasimama utosini.

"Amevaa nini?"

"Shati la njano."

"Na miguu?"

"Matope, Mama. Mpaka magotini."

Akavuta pumzi ndefu. "Hajanawa mpaka leo," akasema. "Mtoto yule kumnawisha miguu ilikuwa vita."

Wembe ukaendelea. Machozi yake yalinidondokea shingoni, ya moto. Amenikata sikioni na sikuguna.

Alipomaliza aliosha wembe, akamwambia Baba mdogo: "Nendeni, shemeji. Mimi sina safari."

Wakaenda. Baba mdogo hakuaga. Roza alitutazama kupitia dirisha mpaka gari likakata kona.

Jumatano, 19 Machi

Nimepika wali na kisamvu. Nimemwekea Mama, nikatoka nje ili nisione. Akaniita.

"Osmundi. Huu mchele uliuchambua au uliutazama tu? Umejaa mawe."

Nusu sahani ilikuwa imekwisha.

Nimezunguka nyuma ya nyumba, nikaegemea ukuta. Lusaka walisifia sana wali wangu, lakini hiyo habari sikuitaja.

Jumanne, 25 Machi

Mambo ya ajabu. Wateja wamerudi.

Ndugu zangu walirudi kutoka ng'ambo vipara vitupu, wanang'aa kwa dawa, Ifakara nzima imewaona sokoni. Na mimi ni kipara. Watu wamejumlisha. Tangu jana wananisalimia kwa jina tena. "Pole na safari, kinyozi." "Pole na ya ng'ambo." Leo mashine imepata moto.

Mimi natabasamu tu. Sisemi ndiyo, sisemi hapana. Mama akiniuliza biashara vipi, namwambia nzuri.

Mchana alikuja Deo. Aliketi amenipa mgongo.

Nimemaliza siku na najisikia mchafu. Nimekuwa mwongo maisha yangu yote, uwongo wa kuchekesha, wa mamba niliyemnyoa masharubu. Huu hauchekeshi. Kila anayekaa kitini ananilipia kwamba nilimwua ndugu yangu na nikatubu. Baba mdogo hakufanikiwa kunikalisha kile kiti. Nimejikalisha mwenyewe, hapa, kwa tabasamu.

Jumamosi, 29 Machi

Waislamu wanangoja mwezi. Siku ya kunyoa hasa, benchi limejaa, wengine wamesimama mlangoni. Mfaume, fundi pikipiki wa jirani, amekaa kitini. Tangu msiba alikuwa ananisalimia kwa kupunga spana kutoka mbali.

Nimefika nusu ya kichwa. Akasema, kwa moyo mzuri kabisa, "Afadhali ulikwenda, kaka. Sisi majirani tuliteseka. Sasa tunakaa bila wasiwasi."

Nikazima mashine.

Nikamwambia, "Sikwenda, Mfaume. Mama ndiye kaninyoa, uwanjani kwetu. Sijanywa dawa yoyote. Deo alikufa kwa presha."

Redio ilikuwa inatangaza bei ya mbolea. Mmoja wa benchini akakumbuka ameacha maharage jikoni. Wa pili akakumbuka maharage ya huyo wa kwanza. Waliosimama mlangoni wakawa hawapo.

Mfaume alijitazama kwenye kioo. Upande mmoja shamba lililovunwa, upande wa pili msitu wa Udzungwa. Nikamwambia anaweza kwenda kwa kinyozi wa sokoni akamaliziwe, nitamwazima kofia yangu. Hakuinuka, taulo bado shingoni.

"Hukumfanya kitu?"

"Sikumfanya kitu."

"Wallahi?"

"Mimi ni Mkatoliki, Mfaume."

Hakucheka. Nami sikuwa natania. Nje watoto walikuwa wanakimbilia uwanjani kuutafuta mwezi. Alikaa anapumua, mikono juu ya magoti, mikono ile yenye oili isiyotoka hata kwa Idi.

"Malizia basi," akasema. "Watu tunataka kufuturu."

Nikawasha mashine. Nimemnyoa polepole, kwa uangalifu, kuzunguka sikio, mpaka kisogoni. Nyuma yetu benchi lilikuwa kimya. Sikutazama kwenye kioo kujua kama lilikuwa tupu.