Kengele ya Chumba cha Mama

Mdogo wangu,

Sisi hatujambo. Paa la karakana limezibwa, na yule paka wako mwizi amekufa kwa uzee.

Fundi mkuu bado ananinunia eti nilichukua kengele yake kubwa bila ruhusa. Anune tu! Daktari aliposema mama hamalizi wiki, ningefanya nini? Niliitundika chumbani kwake, nikawa naigonga kila inaponyamaza, na kazi yake unaijua: pale mvumo wake unapofika, wakati hutambaa. Huku nje miaka imekwenda, mle ndani bado ni siku uliyosafiri. Hata chai aliyokuwekea ingali inafuka.

Sikulaumu. Najua kazi zimekubana.

Ila juzi niliingia kumfunika shuka. Akafumbua macho, akazitazama mvi zangu, akajikakamua ainuke kwa adabu.

"Shikamoo, mama," akaniambia. "Karibu ukae. Binti yangu ametoka kidogo, anarudi sasa hivi."

Nikaitikia marahaba.

Njoo umuage, mdogo wangu. Kengele hii siwezi tena kuigonga.

Ni mimi dada yako, ninayeamkiwa na mama.