Mwambie Asije

3 Februari

Binti yangu Kitinda,

Pokea salamu za nyumbani. Mimi sijambo, kifua tu kinabana asubuhi kama kawaida yake. Kaka zako wazima, wake zao wazima, watoto wao wanapiga kelele kutwa, na huo ndio uzima wenyewe. Sijui wewe na huko juu ya kreni yako.

Mama yako si mzima. Nimeandika badala ya kupiga simu kwa sababu nyumba yetu unaijua, ukinong'ona jikoni anasikia chumbani, na sitaki asikie. Wiki mbili zilizopita alikuwa anaanua nguo, akaanguka pale pale chini ya kamba. Daktari anasema ni kiharusi. Mkono wa kulia na mguu wa kulia havina kazi, mdomo umekwenda upande. Maneno yanatoka, lakini moja moja, kama mtu anayeyavuta kisimani.

Wake za kaka zako wanakuja kwa zamu, ila wana nyumba zao. Sasa sikiliza, mwanangu. Mtoto wa kike katika nyumba hii ni mmoja, nawe ndiye. Hiyo kazi ya kupanda vyuma sikuipenda tangu ulipoanza. Nilinyamaza kwa sababu mama yako aliniomba. Wanaume wa kuendesha hiyo mashine wako wengi. Wa kumwogesha mama yako hakuna. Ongea na wakubwa wako, uje kabla mwezi haujaisha, na uje na mizigo yako yote.

Barua nampa kondakta wa basi la asubuhi. Nijibu kwa huyo huyo.

Baba yako

14 Februari

Baba, shikamoo.

Salamu kwako na kwa wote. Mimi mwili mzima, moyo ndio siwezi kuusemea. Barua yako niliisomea chini ya kreni wakati wa mapumziko, na wenzangu wakadhani nimepata vumbi machoni.

Baba, naomba unisikilize mpaka mwisho. Miaka sita nimesimama chini nikipiga ishara kwa mikono, huku wanaume niliowafundisha ishara hizo wakipanda ngazi na kuniacha. Mwaka huu ndipo nimepewa nafasi ya kujifunza kuendesha. Mtihani ni mwezi wa saba. Nilimwomba msimamizi siku kumi. Akaniambia kanuni ya mafunzo ni siku tatu, zikizidi nafasi inakwenda kwa mwingine. Kisha akasema, wala hakusema kwa ubaya, "Mwanamke tumejaribu mmoja. Ukishindwa wewe, hatujaribu wa pili." Na safari ya huko unaijua, siku mbili kwenda na mbili kurudi.

Nakuuliza kwa heshima, usinichukulie vibaya. Duka la kaka mkubwa liko mtaa wa pili. Kaka wa pili anamaliza zamu saa nane mchana. Wao si watoto wa mama? Na wewe, baba. Miaka arobaini umeshika vichwa vya watu. Umenyoa wazee wanaotetemeka, umenyoa wagonjwa vitandani, na sijawahi kusikia mtu amelia kwa mkono wako. Mkono huo unashindwaje kumwogesha mama?

Natuma cha kumlipa msaidizi. Mwambie mama namkumbuka kila nikipanda.

Binti yako mpenzi

29 Machi

Binti yangu,

Tuliobaki wazima ni wazima.

Barua yako niliisoma mara moja nikaiweka chini ya redio. Sikujibu kwa sababu siku ile ningeandika neno lisilofutika. Baba haulizwi maswali ya namna ile. Nilikuwa na hasira wiki tatu nzima, na hasira, mwanangu, haifui shuka.

Msaidizi uliyemlipia alikaa siku tisa. Mama yako hakubali kuvuliwa nguo na mgeni. Anakaza mkono mmoja alionao kama mlango uliotiwa komeo. Wake za kaka zako zamu zimeanza kupishana, leo huyu mtoto ana homa, kesho yule ana wageni. Kaka zako wanakuja, wanasimama mlangoni na funguo mkononi, wanauliza, "Mama hajambo leo?" kisha wanaondoka. Nimewatazama wakisimama pale nikajua wamejifunza kwa nani.

Kwa hiyo nimebaki mimi. Jumatatu nilipika uji. Nilichemsha maji, nikamwaga unga. Ukatoka madonge. Mama yako aliugusa kwa kijiko, akasema, "Mawe." Halafu akacheka kwa nusu ya mdomo. Tangu aanguke sijamsikia akicheka.

Sijakusamehe. Lakini nieleze uji unapikwaje.

Baba yako

7 Aprili

Baba, shikamoo.

Nashukuru umeandika. Nilikuwa nimeshaanza kumkwepa kondakta, kila nikimwona ananitikisia kichwa kwamba hana kitu.

Uji: unga unaukoroga kwanza na maji baridi kwenye bakuli mpaka uwe kama maziwa. Ndipo unaumimina kwenye maji yanayochemka, mkono mmoja unamimina, mwingine unakoroga, na huachi. Simu ikilia iache ilie. Na jambo la pili, mgeuze mama kila baada ya saa mbili, kushoto, chali, kulia, au mgongo utafanya vidonda. Mto mdogo weka katikati ya magoti. Ukimwogesha, anza na uso, na sehemu usiyoiosha iache imefunikwa. Anaona haya, baba. Hata kwako.

Barua ya kwanza ulisema hujui habari za huku juu. Ngazi ina vidato mia mbili na kumi. Kibanda ni cha kioo, kiti kimoja, na kijiti cha kuongozea kila mkono. Choo hakuna. Wanaume wanapanda na chupa zao. Mimi tangu alfajiri sinywi maji mpaka nishuke mchana. Siku za hedhi ndiyo usiseme. Nilipomweleza msimamizi aliangalia viatu vyake, akasema atafikiria. Anafikiria mwezi wa pili sasa. Nakueleza haya kwa sababu mama ndiye niliyekuwa nikimweleza, na sasa sijui nimweleze nani.

Binti yako mpenzi

26 Mei

Mwanangu Kitinda,

Natumaini u mzima, na unapata angalau maji kidogo. Nimeyawaza sana hayo ya chupa. Mambo haya sikuwahi kuyawaza.

Uji sasa unateremka vizuri. Nimejifunza kufua shuka, na nimejua kwa nini mama yako alikuwa analalamika kiuno kila Jumamosi, na mimi nikimwambia ajinyooshe. Asubuhi namwogesha, namgeuza, nampikia, ndipo naenda saluni. Narudi mchana tena. Wateja wanasema kwamba nimelishwa kitu. Juzi mmoja aliuliza kwa sauti, saluni nzima ikisikia, "Mzee, siku hizi kanga unafunga ya rangi gani?" Wote wakacheka. Nilikuwa nimeshika wembe shingoni mwake. Nikamwambia, "Kaa kimya, usije ukajikata." Amekuwa na adabu.

Kuna jambo nataka nikuandikie, na nimeliahirisha siku nyingi. Nilikuwa namfunga kidonda cha kisigino. Akanitazama ninavyofunga, akasema, "Hivyo sivyo." Akanielekeza kwa mkono wa kushoto, kidole kwa kidole, na bandeji ikakaa. Nikamuuliza amejulia wapi. Akasema, "Barua. Ya uuguzi." Maneno yalimchukua muda mrefu, nami nikayangoja. Kumbe alichaguliwa chuo cha uuguzi. Kaka yako mkubwa alikuwa na miezi minane. Alinionyesha barua, nikamwambia mke wangu hatalala nje ya nyumba yangu, kisha nikaomba chakula. Nilimwambia sikumbuki. Akasema, "Mimi nakumbuka." Akaitaja tarehe.

Mwanangu, nimeitafuta siku hiyo kichwani kila pembe na kweli sikumbuki. Yeye alikuwa anaaga maisha yake, mimi nilikuwa na njaa.

Baadaye nikamwambia nitakuita uje, nikamwambia kwamba nimechoka. Akasema, "Mwambie asije. Akija, harudi." Basi nakufikishia neno lake kama alivyolisema. Lile agizo langu la mwezi wa pili nalifuta. Nilikosea.

Baba yako

8 Juni

Baba yangu, shikamoo.

Barua yako nimeisoma mara nyingi mpaka imeanza kukatika kwenye mikunjo. Mama hakuwahi kuniambia. Nilipopata kazi hii alininunulia viatu vya ngozi vigumu, akanifunga kamba mwenyewe kama mtoto wa shule, nikadhani ni mapenzi tu ya mama.

Sina la kukulaumu, baba. Unavyomhudumia sasa hakuna kati yetu aliyewahi kumhudumia hivyo.

Mtihani ni Jumamosi, tarehe tisa Julai. Baada ya hapo nina ruhusa ya wiki mbili, na tarehe kumi na moja nitakuwa ndani ya basi. Mwambie anisubiri. Nakuomba kitu kimoja tu. Akizidiwa, niambie. Hata kama ni asubuhi ya mtihani wenyewe, niambie, nami ndiye nitakayeamua.

Choo wamejenga. Cha mabati, chini, lakini kina komeo. Mwambie na hilo, atafurahi.

Binti yako mpenzi

6 Julai

Mwanangu,

Kama nimemwagiza kondakta vizuri, barua hii unaipata ukishatoka kwenye mtihani. Kaa kwanza.

Mama yako ametutoka. Ni Alhamisi, tarehe thelathini Juni, asubuhi. Tulimzika Ijumaa. Watu walikuwa wengi, hata wale wateja. Kaka zako walilibeba jeneza wao wenyewe.

Najua uliniomba nikuambie. Alikuwa ameacha wosia, usije mpaka umalize, na kaka zako niliwafunga midomo kwa huo wosia. Alikwenda kwa utulivu. Hakuteseka.

Nilimweleza habari ya choo. Alifurahi.

Njoo, mwanangu. Basi la tarehe kumi na moja nitalisubiri kituoni.

Baba yako

14 Agosti

Kitinda mwanangu,

Hujambo? Nilisubiri basi lile, na la kesho yake. Kaka yako anasema simu yako inaita bila kupokewa. Sikudai kitu. Andika hata mstari mmoja, nijue kwamba u hai.

Baba yako

2 Oktoba

Baba, shikamoo.

Mimi mzima. Nilifaulu. Nakuandikia hilo kwa sababu mama alilitaka. Sasa ninaendesha peke yangu, na kuna msichana mwingine chini anapiga ishara.

Ile ruhusa ya wiki mbili niliimalizia chumbani kwangu, nimelala na viatu.

Jumapili ya kabla ya mtihani nilikupigia simu. Nilisikia watu wengi nyuma yako. Nikauliza, "Mama yuko wapi?" Ukasema, "Amelala." Nikauliza hao watu ni akina nani, ukasema wamekuja kumjulia hali. Alikuwa kaburini siku ya tatu. Nikakuambia umbusu, ukasema sawa.

Mama alikuwa na haki ya kunikataza nisije. Wewe hukuwa na haki ya kunificha. Nilikuandikia kwamba mimi ndiye nitakayeamua. Mama ulimwamulia miaka arobaini. Ulipoishiwa na wa kumwamulia, ukaniamulia mimi. Na hilo ukaliita wosia.

Sijui nikueleze vipi, baba. Mzigo wa tani mbili naushusha juu ya alama ya chaki bila kamba kuyumba. Lakini mama yangu sikumshusha.

Binti yako

20 Oktoba

Mwanangu,

Salamu. Mimi nipo.

Kila ulichoandika ni kweli, na kuna kilichobaki ambacho hukijui. Naweza kufa nacho. Lakini umesema nimekuamulia, na nikikificha hiki nitakuwa naendelea kukuamulia.

Wosia haukuwepo. Ni kweli mwezi wa tano alisema usije. Lakini Jumatatu ile, tarehe ishirini na saba Juni, alipozidiwa, alibadilika. Alisema, "Aje." Nikajifanya sikusikia. Akasema tena, "Aje." Nilichukua simu nikatoka nayo uani. Nikasimama nayo, nikairudisha mfukoni. Nilijiambia kwamba huwezi kumkuta, na mtihani utakuwa umepotea, na mtakuwa mmekosa vyote viwili, wewe na yeye. Nikarudi ndani nikamwambia nimekuita.

Jumanne aliuliza, "Amefika?" Nikasema uko njiani. Jumatano akauliza basi limefika wapi, nikamwambia limeshavuka daraja kubwa. Alhamisi asubuhi alitaka nimchane nywele, maana unaingia. Nilimchana upande mmoja. Nilipomgeuza nianze wa pili, alikuwa ameshaondoka.

Ungepanda basi Jumatatu ile, Jumatano jioni ungekuwa umefika. Ungekuwa naye usiku mmoja mzima. Nimehesabu siku hizo mara nyingi kuliko unavyoweza kufikiri, na kila mara zinatoka hivyo hivyo.

Nilidhani nakupa wewe kile nilichomnyima yeye. Siku nyingine naona ni kweli. Siku nyingine naona niliogopa tu, kwamba ukija ukakosa hiyo kazi, nitakuwa nimeua kazi mbili, ya mama yako na yako. Sikuombi msamaha kwa barua. Nimekuambia tu.

Baba yako

3 Novemba

Baba, shikamoo.

Barua nimeipata. Siku ile nilimwambia msimamizi sipandi, naye hakuniuliza kwa nini.

Nakuja Jumamosi ya wiki ijayo, kwa siku tatu. Nyumbani sitaweza kulala, mwambie kaka mkubwa anitengee kitanda kwake. Usije kituoni.

Usiniandikie tena chochote kabla ya hapo. Nikifika, nikalishe pale ulipokuwa umekaa wewe Jumatatu ile, ufunge mlango, kisha uniambie alivyolisema hilo neno. Mara zote mbili, ya kwanza na ya pili. Usilipambe wala usilipunguze. Liseme kwa ile sauti yake, polepole kama alivyolitoa, nami nitaitika.

Binti yako